Kufa, Kuuawa na Kuua: Ukatili katika Senema ya Hispania

Katika Kiswahili mtu aweza kueleza kifo cha mwenzake kwa njia tatu. Aweza kusema kwamba fulani amekufa. Aweza kusema kwamba fulani ameuawa. Tena aweza kumtaja mtenda, akasema kwamba huyu amemwua yule. Maiti ni ile ile na kaburi ni lile lile, lakini hukumu zilizomo katika sentensi hizo ni mbalimbali. Ya kwanza haimdai mtu. Ya pili yakiri kwamba yuko mwenye kudaiwa, ila yamficha. Ya tatu yamleta mbele ya baraza. Mtoto aliyekiangusha kikombe ayajua haya kabla hajafundishwa sarufi, maana akiulizwa hujibu kwamba kikombe kimevunjika.

Elimu hii ya vitenzi yafaa pia katika kuzisoma picha za senema. Picha haina kauli ya kutenda wala ya kutendwa kama lugha ilivyo nazo, lakini ina njia zake za kumweka mtenda mahali paonekanapo, au kumwondoa. Nchi ya Hispania ni mfano mwema wa jambo hili, kwa kuwa tangu 1939 hata 1975 ilitawaliwa na watu walioupata utawala kwa silaha, na watu hao hao ndio waliokuwa na amri juu ya kila picha iliyoonyeshwa hadharani. Wako waelezao ukatili wa senema ya Hispania kana kwamba ni tabia ya kuzaliwa nayo: hutaja mchezo wa fahali, hutaja michoro ya Goya, kisha hunyamaza kama watu waliokwisha kueleza. Maelezo hayo hayatoshi. Swali si kwamba Wahispania walipenda kuonyesha damu kiasi gani. Swali ni nani aliyeruhusiwa, katika kila zama, kuonyeshwa kuwa ndiye aliyeimwaga.

Aghalabu historia hii huanza na Luis Buñuel, mzaliwa wa Calanda katika Aragón. Mwaka 1929 yeye na mchoraji Salvador Dalí walionyesha mjini Paris filamu fupi iitwayo Un chien andalou. Mwanzoni mwake mtu anoa wembe, kisha jicho la mwanamke lakatwa. Jicho lililokatwa kwa hakika lilikuwa la ndama aliyekwisha kufa, na mtu aliyeshika wembe alikuwa Buñuel mwenyewe. Basi mwongozaji hakujificha nyuma ya kazi yake. Alijionyesha kuwa yeye ndiye amwumizaye mtazamaji.

Lenye uzito zaidi kwa hoja hii ni filamu yake ya 1933, Las Hurdes, ijulikanayo pia kwa jina la Tierra sin pan, yaani ‘Nchi isiyo mkate’. Gharama zake zilitolewa na Ramón Acín, mwalimu na msanii wa Huesca, kwa fedha alizozishinda katika bahati nasibu. Filamu hiyo yaonyesha umaskini wa watu wa milima ya Extremadura. Mahali pamoja msimulizi aeleza kwamba watu wa huko hula nyama ya mbuzi pale tu mbuzi anapokufa kwa ajali, na mara mbuzi aonekana akiporomoka kutoka jabalini. Lakini pembeni mwa picha watokea moshi wa bunduki. Sikio laambiwa kwamba mbuzi ameanguka. Jicho laona kwamba ameangushwa. Mtazamaji mwangalifu apata hapo funzo ambalo lingemfaa katika miaka 40 iliyofuata: asiamini kauli ya kitenzi mpaka ameutazama ukingo wa picha.

Serikali ya Jamhuri iliipiga marufuku filamu hiyo, kwa kuona kwamba imeitoa nje aibu ya nchi. Yafaa jambo hili likumbukwe, ili isidhaniwe kwamba kukataza kulianza na Franco. Hata hivyo tofauti ni kubwa. Mnamo Julai 1936 majeshi yaliasi, vita vya wenyewe kwa wenyewe vikaanza, na katika Agosti ya mwaka huo Acín alipigwa risasi mjini Huesca na watu wa upande wa uasi. Mkewe naye aliuawa mwezi huo huo.

Vita vilikwisha Aprili 1939 kwa ushindi wa Jenerali Francisco Franco. Mshindi huyo hakuridhika na kuitawala senema, aliiandikia pia. Filamu Raza ya 1942, iliyoongozwa na José Luis Sáenz de Heredia, ilitokana na hadithi ya Franco mwenyewe, aliyejificha nyuma ya jina la Jaime de Andrade. Yasimulia habari za ndugu wa ukoo wa Churruca waliotenganishwa na vita. José, askari wa upande wa uasi, apigwa risasi na kikosi cha maadui wala hafi. Ndugu yake mtawa auawa pamoja na wenzake ufukoni mwa bahari. Ukatili katika filamu hii si haba, na mtenda wake atajwa waziwazi. Lakini atajwa wa upande mmoja tu. Kuua ni kazi ya adui. Kuuawa ni heshima ya washindi. Maelfu kwa maelfu waliouawa na washindi, vitani na baada ya vita, hawana nafasi katika sarufi ya Raza. Hawakuua wala hawakuuawa, hawakuwapo.

Mwaka 1950 filamu hiyo hiyo ilikatwa, ikatiwa sauti upya na kupewa jina la Espíritu de una raza. Saluti za kifashisti ziliondolewa, pamoja na maneno yaliyoikashifu Marekani, kwa sababu baada ya 1945 serikali ya Franco ilikuwa ikitafuta urafiki wa nchi hiyo. Wachezaji walibaki wale wale, na midomo yao ikaendelea kuchezacheza. Ila historia iliyotoka midomoni humo ilikuwa nyingine.

Vyombo vya ukaguzi vilikuwa vingi. Kwa amri ya 1941 filamu za kigeni zilitakiwa zitiwe sauti ya Kihispania, na kwa njia hiyo wakaguzi walipata uwezo wa kugeuza hata maneno ya wachezaji. Mfano unaotajwa mara nyingi ni wa filamu Mogambo ya 1953, iliyopigwa katika nchi za Afrika ya Mashariki. Ili kufuta habari ya uzinzi, wakaguzi waliwageuza mume na mke wakawa kaka na dada, wasitambue kwamba wamewatwika dhambi iliyo kubwa zaidi. Tena kuanzia Januari 1943 kila jumba la senema lililazimika kuonyesha picha za habari za serikali zilizoitwa NO-DO, na sharti hilo lilidumu kwa zaidi ya miaka 30. Kanuni za ukaguzi zenyewe hazikuchapishwa wazi mpaka 1963. Kabla ya hapo mwongozaji aliambiwa kwamba amekosa, pasipo kuwekewa sheria ya kuyapima makosa yake.

Katika hali hiyo ndipo ilipozaliwa kauli ya pili ya senema ya Hispania, iliyo mfano wa kauli ya kutendeka: tendo laonekana, mtenda hatajwi. Filamu ya Juan Antonio Bardem ya 1955 yaitwa Muerte de un ciclista, yaani ‘Kifo cha mpanda baiskeli’. Jina lenyewe ni somo, maana halisemi kuuawa. Mwalimu wa chuo kikuu na mwanamke tajiri aliye mke wa mtu, wakitoka katika faragha yao, wamgonga mtu barabarani. Wamkuta angali hai, nao wamwacha afe ili siri yao isifichuke. Aliyegongwa hana neno alisemalo. Watazamaji wa wakati ule hawakuhitaji kufafanuliwa: lilikuwako tabaka la watu lililopita juu ya wengine, likaendelea na safari. Wakaguzi walitaka mwanamke mzinzi alipe kwa kifo, na akafa. Lakini Bardem alikipanga kifo hicho kwa werevu. Gari la mwanamke lapinduka likimkwepa mpanda baiskeli mwingine, na huyu wa pili, baada ya kusita kidogo, aenda kutafuta msaada. Adhabu waliyoitaka wakaguzi ikawa kipimo cha watu wa namna mbili.

Miaka minane baadaye Luis García Berlanga, akiandika pamoja na Rafael Azcona, alitoa El verdugo, yaani ‘Mnyongaji’. Ni filamu ya kuchekesha, na katika kuchekesha kwake yatisha. Kijana afanyaye kazi ya maziko amwoa binti wa mnyongaji mzee wa serikali. Ili wapate nyumba ya kupanga yampasa airithi kazi ya mkwewe, naye akubali akitumaini kwamba siku ya kuua haitafika. Siku yafika. Katika picha ya mwisho wa mambo, makundi mawili yavuka chumba kikubwa cheupe kitupu. Mbele mhukumiwa atembea kwa miguu yake. Nyuma yake, mnyongaji ndiye akokotwaye na walinzi. Kifo hakionyeshwi. Aonyeshwalo ni mtu anayefanywa kuwa mtenda kwa nguvu, na dola iliyomshika mkono haina uso.

Wakati wa filamu hiyo ulikuwa mzito. Aprili 1963 mkomunisti Julián Grimau alipigwa risasi kwa hukumu ya mahakama ya kijeshi, na tarehe 17 Agosti wanaharakati wawili, Francisco Granado na Joaquín Delgado, waliuawa kwa garrote, kile chombo cha chuma cha kukaza shingo ambacho filamu ilikisimulia. Majuma machache baadaye El verdugo ilionyeshwa katika tamasha la Venice, na balozi wa Hispania katika Italia aliandika barua kali ya kuilalamikia. Miongoni mwa vitu ambavyo wakaguzi waliviondoa ni mlio wa vyuma ndani ya mkoba wa mnyongaji. Hawakuogopa damu, maana haikuwamo. Waliogopa mlio ambao ungemkumbusha msikilizaji kwamba kifo cha serikali kina zana, na zana zina mbebaji.

Filamu iliyoifikisha kauli hii kwenye kilele chake ni La caza, yaani ‘Uwindaji’, ya Carlos Saura, iliyotolewa 1966 na kupata katika tamasha la Berlin tuzo ya mwongozaji bora. Wanaume watatu wa makamo waliopigana upande mmoja wa vita waenda kuwinda sungura pamoja na kijana mmoja, katika bonde kavu ambamo zamani palipiganwa. Wakaguzi walikataza vita vya wenyewe kwa wenyewe visitajwe kwa jina. Basi wazee hao wasema ‘vita’ tu. Hata jina la filamu lilikatwa. Lilikuwa ‘Uwindaji wa sungura’, na wakaguzi walilifupisha kwa kuwa neno la sungura katika Kihispania lina maana nyingine ya aibu. Kwa kuliondoa tusi dogo waliliacha jina pana: uwindaji, pasipo kusema wa nani.

Katika bonde hilo jua ni kali, sungura wana maradhi, na pangoni mna mifupa ya mtu. Bunduki zaanza kwa sungura na kuishia kwa wawindaji, waliokuwa marafiki na sasa wadaiana fedha na kuoneana kijicho. Kijana peke yake abaki hai, akikimbia. Picha yasimama ghafla, na pumzi zake zaendelea kusikika. Lakini hoja kali kuliko zote Saura hakuiandika katika maneno. Mmoja wa wawindaji, Paco, alichezwa na Alfredo Mayo, yule yule aliyekuwa shujaa José katika Raza. Mkaguzi aweza kufuta neno. Hawezi kufuta uso unaojulikana na nchi nzima. Shujaa asiyekufa kwa risasi za maadui mwaka 1942, mwaka 1966 auawa na rafiki yake. Sentensi ambayo haikuwa na mtenda ilipewa mtenda kwa uso wa mchezaji.

Wengine waliendelea na njia hiyo. Katika El espíritu de la colmena ya 1973, Víctor Erice alionyesha kijiji cha Castilla yapata mwaka 1940. Mtoto mmoja, Ana, ampa chakula mtu mtoro aliyejificha katika banda. Usiku mtoro huyo auawa, na mtazamaji aona mimweko ya bunduki gizani tu, kwa mbali. Hakuna uso wa aliyepiga. José Luis Borau katika Furtivos, yaani ‘Majangili’, alimwonyesha mama mmoja wa msituni akimpiga mbwa-mwitu jike aliyefungwa mpaka afe, kwa hasira iliyomstahili mtu mwingine. Borau alikataa kuikata filamu yake, na Septemba 1975 ilipata tuzo kuu ya tamasha la San Sebastián. Tarehe 27 ya mwezi huo watu watano walipigwa risasi kwa amri ya serikali. Tarehe 20 Novemba Franco alifariki.

Ukaguzi wa senema ulifutwa Novemba 1977, na Desemba 1978 Hispania ilipata katiba mpya. Yamkini mtu angedhani kwamba tangu hapo mtenda angetajwa bila taabu. Haikuwa hivyo, na ushahidi wake ni filamu El crimen de Cuenca, iliyopigwa 1979 na Pilar Miró. Kisa chake ni cha kweli. Mwaka 1910 mchungaji wa kondoo, José María Grimaldos, alitoweka katika wilaya ya Cuenca. Mwaka 1913 Gregorio Valero na León Sánchez walikamatwa, nao wakateswa na askari wa Guardia Civil mpaka wakakiri kwamba wamemwua. Mwaka 1918 walihukumiwa kifungo cha miaka 18. Walikuwa wamekwisha kufunguliwa ndipo, mwaka 1926, Grimaldos alipojitokeza akiwa hai, akitafuta cheti cha ubatizo ili aoe. Hukumu ikabatilishwa.

Kwa mwanafunzi wa lugha kisa hiki kina uchungu wa pekee. Wanaume wawili walilazimishwa kwa mateso watamke sentensi kamili ya kauli ya kutenda, ‘sisi tumemwua’, ilhali hakuna aliyekufa. Hivyo yadhihirika kwamba kumtaja mtenda si ukweli kwa kuwa ni kutaja tu. Mwenye nguvu aweza kuificha nafsi ya kitenzi. Aweza pia kuitia kwa koleo katika kinywa cha mnyonge. Miró alionyesha mateso hayo bila kuyafunika, kucha zikingʼolewa, na watendao wamevaa sare ijulikanayo na kila Mhispania. Hapo palikuwa na jambo ambalo filamu za mafumbo hazikuthubutu: tendo, mtendwa na mtenda katika picha moja.

Filamu ilikamatwa na wakuu wa kijeshi, na Miró akashtakiwa chini ya sheria za jeshi kwa kuitukana Guardia Civil. Baada ya sheria hizo kurekebishwa mwaka 1980 mashtaka yaliondoka mikononi mwa jeshi, na Agosti 1981 filamu ikafunguliwa, watu wakaijaza majumba ya senema. Miezi sita kabla, tarehe 23 Februari 1981, Luteni Kanali Antonio Tejero wa Guardia Civil aliliingilia Bunge kwa bastola mkononi, na kamera ya televisheni ikayanasa. Picha hiyo ilipoonyeshwa kesho yake, hapakuwa na haja ya mafumbo. Mwishoni mwa 1982 Miró alipewa uongozi wa idara ya serikali inayoshughulikia senema.

Haimaanishi kwamba kuonyesha kila kitu ndiko kusema kweli. Swali hilo liliulizwa na Alejandro Amenábar katika Tesis ya 1996. Mwanafunzi wa chuo kikuu mjini Madrid aandika tasnifu juu ya ukatili katika picha, naye akuta ukanda ambamo msichana auawa kwa kweli mbele ya kamera. Mwanafunzi huyo achukia ayaonayo, lakini vidole alivyojifunika macho aviachanisha. Mchezaji wake ni Ana Torrent, aliyekuwa mtoto Ana katika filamu ya Erice. Macho yaliyonyimwa kuona mwaka 1973 sasa yaonyeshwa kila kitu, na yajiuliza kwa nini yataka kuona. Mtenda wa tatu aingia katika sentensi hapo: mtazamaji.

Njia mbili zilizofuata zastahili kulinganishwa. Katika Te doy mis ojos ya 2003, Icíar Bollaín alisimulia habari za mke mjini Toledo anayemkimbia mume mwenye kumpiga. Mapigo karibu hayaonekani; kinachoonekana ni woga wa mwanamke asikiapo mlango ukifunguliwa, na mwanamume anayejaribu kuieleza hasira yake kana kwamba imemshukia kutoka mbinguni. Mume huyo asema kwa kauli ya kutendeka, na filamu yamrudisha kwa upole katika kauli ya kutenda. Desemba 2004 Hispania ilitunga sheria ya kuwalinda wanawake dhidi ya ukatili wa namna hiyo. Haielekei kudai kwamba filamu ndiyo iliyoileta sheria. Zote mbili zilitoka katika mazungumzo yale yale ya watu.

Njia nyingine ni ya El laberinto del fauno ya 2006, filamu ya Mmeksiko Guillermo del Toro juu ya Hispania ya 1944. Kapteni Vidal amponda kijana mkulima uso kwa chupa mbele ya baba yake, na kamera haigeuki. Hapa mshindi aonyeshwa akiua, jambo lisilowezekana katika Raza. Lakini ni lazima kuangalia. Vidal ni mwovu asiye na hata chembe ya wema, na mtazamaji hana mahali pa kujitambua ndani yake. Kwa namna hiyo mtenda atajwa, lakini atajwa kama jini la hadithini. Mpango wa pande mbili uliowekwa na Raza wapinduliwa juu chini, wala hauvunjwi.

Kutokana na haya yote, ufundi wa waongozaji walionyimwa kusema wastahili kusifiwa, lakini sifa hiyo isigeuzwe kuwa shukrani kwa waliowanyima. Wako wasemao kwamba ukaguzi uliwafundisha Wahispania fumbo, na kwa hiyo uliisaidia sanaa. Hao wahesabu zilizopona, hawahesabu zilizokatwa. Isitoshe, fumbo humfaa mtu ajuaye tayari. Mtazamaji wa 1966 aliijua mifupa ya pangoni ni ya nani. Mjukuu wake hajui, na kwake La caza yaweza kuwa hadithi ya wawindaji tu. Mwaka 2007 Bunge la Hispania lilipitisha sheria ya kumbukumbu ya kihistoria, iliyohusu pia kuwatafuta waliozikwa katika makaburi yasiyo alama, na mwaka 2022 ikafuata nyingine. Kazi ya sheria hizo, kwa lugha ya sarufi, ni kuibadili sentensi: kutoka ‘walikufa’ kwenda ‘waliuawa’. Sentensi ya tatu, ile imtajayo mtenda, bado ni nzito kuliko zote, na senema imekwisha onyesha bei yake.